Zimwi Aliyeziba Koo la Mto

Paukwa!

Pakawa!

Sogeeni, wajukuu, niwapeleke mbali.

Mbali wapi, bibi?

Kaskazini, njia inakokwisha.

Hapo kale, huko kaskazini, palikuwa na mto wenye maji baridi ya kuuma mifupa. Huko juu ulikuwa na mikono miwili: mmoja ulitoka ziwani, mwingine ulitoka kwenye mlima wa theluji. Mikono hiyo ilikutana, kisha mto ukapita kwenye mwanya mwembamba wa majabali, watu wakauita Koo. Toka hapo uliteremka mpaka baharini.

Kila kiangazi samaki wakubwa waitwao samoni walitoka baharini, wakaupanda mto, wakapita Koo, wakaenda ziwani kutaga mayai. Watu wa ziwani waliwavua, wakawakausha, wakala mwaka mzima.

Mwaka mmoja samoni hawakuja. Siku ya kwanza hawakuja. Siku ya pili hawakuja. Siku ya tatu mvuvi Makame akamwambia mkewe, Mkasi, "Nateremka Kooni nikatazame."

Hakurudi.

Basi kulipokucha, Mkasi akamfuata. Alipovuka mkono wa theluji, maji yalimfika kwenye vifundo vya miguu. Hakushangaa, maana aliujua mto. Asubuhi mkono ule ni mdogo. Jua likishapiga mlimani, theluji huyeyuka, na alasiri Koo lote hujaa mpaka juu. Siku nyingi mawingu yalikuwa yameufunika mlima, lakini siku ile kulikucha jua kali.

Kooni akamkuta Zimwi ameketi majini, ameujaza mwanya wote, kinywa wazi kuelekea chini, samoni wanajirusha humo wenyewe. Nywele zake, nene kama kamba, zilijaa magamba. Kando yake, juu ya jiwe la chini, palikuwa na mfuko wa ngozi unaotikisika.

"Nani huyo nyuma yangu?" akauliza Zimwi.

"Ni Mkasi. Namtafuta mume wangu."

"Yumo mfukoni, nitamla jioni. Wewe nakula sasa."

Mkasi akajibu kwa sauti tulivu, "Nile, bwana mkubwa. Ila kichwa chako kimejaa magamba, najua kinakuwasha. Nikusuke kwanza."

Kweli kilikuwa kinamwasha, siku nyingi. "Haya, suka."

Mkasi akapanda jabali la nyuma. Akasuka songo la kwanza polepole, mpaka jua likafika utosini, na ncha yake akaifunga kwenye mzizi wa msonobari wa kale.

"Mbona maji yamefika kiunoni?" akauliza Zimwi.

"Ni samoni wengi wanakuja, bwana mkubwa. Tulia."

Akasuka songo la pili, akalifunga.

"Mbona maji yamefika kifuani?"

"Ni samoni wengi wanakuja, bwana mkubwa. Tulia."

Basi hapo maji yakalifikia lile jiwe la chini, yakaingia mfukoni. Mkasi akamsikia Makame anakohoa. Akakohoa tena. Mkasi akauma midomo, akaendelea kusuka songo la tatu.

"Mbona maji yamefika shingoni?"

Safari hii Mkasi alikuwa anakaza fundo.

Zimwi akataka kusimama. Nywele zikamvuta. Akarusha mkono nyuma, kucha zikamchana Mkasi mguu. Mkasi akajitupa majini, akaushika mfuko, akauburuta mpaka juu ya jabali, akaupasua kwa kisu. Makame alikuwa amelegea. Akamlaza ubavu, akampiga mgongoni mara moja, mara mbili, mara tatu. Maji yakamtoka, akavuta pumzi.

Huko chini Zimwi alivuta, mzizi haukung'oka. Maji yakamfunika kichwa. Mapovu yakapanda, yakapungua, yakaisha.

Ndipo samoni wakaanza kupita juu yake. Mmoja, kisha wawili, kisha Koo zima likawa jekundu kwa migongo yao.

Makame akatazama, akasema, "Nilikohoa. Hukunisikia?"

"Nilikusikia."

"Mbona hukuja?"

"Songo la tatu lilikuwa bado."

Makame akachana shati lake, akamfunga mkewe kidonda.

"Twende nyumbani," akasema.

Hadithi yangu imekomea hapo. Mto wenyewe ungali unakwenda. Nanyi, wajukuu, shikeni hili: mahali unapoishi pajue vizuri, na kazi ya kuokoa usiiache nusu, hata moyo ukiuma.