Uyoga Uitwao Keshokutwa

Paukwa!
Pakawa!
Nichume nisichume?
Chuma, tukutazamie!

Hapo kale, jambo la mwisho la kawaida kutokea nyumbani kwa Lutengano lilikuwa hili: mkewe, Tumpe, alikuwa akiosha uyoga, akauliza, "Baba Sekela, chumvi umeiweka wapi?" Naye akajibu, "Darini, penye moshi." Basi. Kesho yake homa ikaingia. Siku ya tatu Tumpe akazikwa.

Tangu hapo Lutengano hakutulia. Akikaa, aliinuka. Akiinuka, alitoka. Akitoka, alirudi, kama mtu aliyesahau kitu ndani.

Na binti yake, Sekela, hakula. Akapikiwa ugali, akausukuma. Akachomewa ndizi, akaigeuza upande wa pili, akaiacha. Akapewa maziwa, akayatazama mpaka yakaganda.

"Unataka nini, mwanangu?"

"Uyoga. Kama wa mama."

Sasa sikilizeni. Katika nchi ile uyoga ulikuwa kazi ya wanawake, nao hawakwenda peke yao. Mmoja akiuona, huita, "Nimeona!" Mwenzake huja, huinama, hutazama, hutaja jina lake. Uyoga uliokosa wa kuutaja uliachwa palepale, hata uwe mzuri kama bibi harusi. Lutengano alijua neno moja tu la kazi hiyo: uyoga hukatwa kwa kisu, haung'olewi. Mwanamume kuandamana na wanawake wa uyoga ilikuwa aibu. Na mtu mmoja ambaye angemfundisha bila kumcheka alikuwa mama mkwe wake. Lakini mkwe na mkwe hawatazamani, wala hawasemezani. Ndiyo ilikuwa desturi yao.

Basi akakaa, akainuka, akachukua kisu, akaingia msituni peke yake.

Chini ya mti mkubwa akauona: mweupe, laini, kofia yake pana kama kiganja.

"Nimeona!" akaita. Msitu kimya.

"Nimeona!" Kimya.

"Nimeona!"

Konokono akatoa pembe zake. "Umeona nini, mwenye miguu miwili?"

"Uyoga. Huu unalika?"

"Huu? Jana nimekula, leo nakula, kesho nikijaliwa nitakula. Nimekufa?"

"Hujafa."

"Basi sogea, unanitikisia jani."

Lutengano akaukata uyoga wa kwanza, juu kidogo ya udongo. Akatembea, akauona wa pili. Kobe alikuwa hapo, anatafuna.

"Mzee Kobe, huu unalika?"

"Jana nimekula, leo nakula, kesho nikijaliwa nitakula. Babu yangu aliula maisha yake yote, akaishi mpaka akasahau ana miaka mingapi. Akatuuliza sisi. Na sisi tulikuwa tumesahau."

Lutengano akaukata wa pili. Akatembea, akauona wa tatu. Kindi akamwangalia kutoka juu ya tawi.

"Ndugu Kindi, huu unalika?"

"Jana nimekula, leo nakula, kesho nikijaliwa nitakula. Mwili wote huo, unaogopa uyoga? Haya, kaulize na mchwa!"

Lutengano akaona haya. Akaukata wa tatu, akachuma na mwingine mwingi, hata usioota vizuri, mpaka kikapu kikajaa. "Wanawake hutosheka na jibu la mmoja," akajisemea. "Mimi nimejibiwa na watatu."

Akapika. Harufu ikapanda. Sekela, aliyelala tangu asubuhi, akaketi. Akavutwa na harufu mpaka jikoni, akachukua kipande, akakifikisha midomoni. Akasita.

"Baba, huu unaitwaje?"

"Unaitwa uyoga."

"Uyoga ni wote. Mama alikuwa ananitajia jina kwanza, ndipo nakula. Huu unaitwaje?"

"Mwanangu, Konokono anaula. Kobe anaula. Kindi anaula."

"Wao wanauitaje?"

Hapo Lutengano akakumbuka. Hakuna aliyemtajia jina. Kila mmoja alimpa habari za tumbo lake mwenyewe, naye akadhani ameambiwa habari za tumbo la mtoto.

Akaupokonya mkono wa binti yake kile kipande.

"Nina njaa, baba!" Sekela akalia. Hilo ndilo neno baba yake alilolingoja siku zote zile, na siku alipolisikia ikambidi akibebe chungu mbele ya macho ya mtoto, akimwage. Akachimba shimo, akafukia, kuku wasifukue. Akasugua chungu kwa majivu mara tatu. Sekela akanywa uji, vijiko vitatu, kwa hasira. Uyoga mmoja mbichi Lutengano akaufunga katika jani.

Asubuhi yake akachukua jembe, akamshika Sekela mkono, akaenda kwa mama mkwe. Akasimama nje ya ua, akageuza mgongo. Mama mkwe akatoka, naye akageuza wake. Sekela akasimama katikati, akapeleka uyoga, akapeleka na maneno.

"Mwulize baba yako, mguu wa uyoga huu uko wapi?"

"Baba, bibi anauliza—"

"Nimesikia."

"Hapana, ngoja nikuambie kwanza. Mguu uko wapi?"

"Niliukata. Umebaki ardhini."

"Bibi, anasema umebaki ardhini."

"Mwambie ameniletea kofia, mwenye kofia amemwacha msituni. Uyoga wa kichuguu hukatwa kwa kisu, kwa kuwa tunaujua. Ukiung'oa unabomoa nyumba ya mchwa, na mwakani hauoti. Lakini usioujua unachimbuliwa wote mpaka chini. Kofia hudanganya. Aende akachimbue."

Wakaenda wote watatu: Lutengano mbele, Sekela katikati, mama mkwe nyuma, macho chini. Chini ya ule mti mkubwa Lutengano akapiga magoti, akachimbua polepole kuzunguka kile kisiki cha uyoga. Kikatoka. Mguuni kilivaa kikombe cheupe, chembamba, kama ganda la yai lililovunjika.

Mama mkwe akainama, akakitazama.

"Mwambie unaitwa Keshokutwa. Leo utaula, utausifu. Kesho tumbo litakuuma, likuache, useme umepona. Keshokutwa watu watakuja kwako na majembe."

Sekela akageuka amwambie baba yake, akaona amekwisha kusikia.

Lutengano akafukia shimo, akafuta mikono kwa majani mara tatu. Kisha akasema mwenyewe, bila kupitisha neno kwa mtoto:

"Mama. Ule wa kuliwa unakaa wapi?"

Mama mkwe akakohoa.

"Nifuate," akasema. "Uwe nyuma. Na usichume wote tutakaouona. Wengine wabaki wazae."

"Sasa mimi niseme nini?" akauliza Sekela.

Mama mkwe alikwisha kuondoka, na Lutengano akamfuata, jembe begani, macho kwenye visigino vya mama mkwe.

Mwisho wa njia, mwisho wa maneno, kikapu nimekitua. Usiweke chunguni kitu usichoweza kukitaja, na aliyekula akapona usimwulize habari za tumbo lako. Kama Sekela alikula? Alikula, akalamba mpaka kifuniko. Mimi nilichelewa kufika, nikaambulia kuosha chungu.