Maana ya Ishirini

Wahenga walisema maji yakimwagika hayazoleki. Methali hii hufundishwa watoto wangali na meno ya utotoni, na wengi hukua wakidhani inahusu ndoo na mtungi. Laiti ingekuwa hivyo. Maji ya ndoo yakimwagika, mtu hurudi bombani akapanga foleni upya, na hasara yake huishia kwenye miguu iliyolowa. Wahenga walikuwa na lingine moyoni. Walisema juu ya yale ambayo mtu huyaachia kwa dakika moja ya uchovu, kisha akashinda miaka akiyafuata na kikombe. Hivyo ndivyo yalivyomfika mwanamke mmoja aliyefanya kazi ya kutunga kamusi.

Ofisi yao ilikuwa ghorofa ya pili ya jengo la zamani, juu ya duka la vipuri vya baiskeli. Kuta zote zilikuwa makabati, makabati yote yalikuwa droo, na droo zote zilijaa kadi. Kila maana ya kila neno ilikuwa na kadi yake. Sheria ya ofisi ilikuwa moja tu, nayo haikuwa na mjadala: kadi haiendi kwa mpiga chapa bila shahidi. Shahidi alikuwa mtu aliye hai, anayelitumia neno kwa maana hiyo katika shughuli zake. Kazi yake na mtaa wake viliandikwa nyuma ya kadi, naye akatia sahihi au dole gumba. Maana iliyopata shahidi mmoja iliingia kamusini. Iliyopata watatu haikuondoka tena, hata mkuu wa ofisi achukie namna gani.

Mwanamke huyo walimwita Bi Kadi, kwa sababu mkoba wake haukukosa kadi, hata siku ya harusi ya mdogo wake. Alishiriki chumba na mkaguzi wa mashahidi, mwanamume mwembamba mwenye viatu vilivyokwisha visigino kwa kutembea mitaani kuwatafuta watu waliotajwa kwenye kadi. Huyo walimwita Bwana Shahidi. Kwa miaka tisa walikula chakula cha mchana meza moja, wakiitana kaka na dada, wakitaniana kama watoto wa tumbo moja.

Ndipo lilipofika neno "kata." Anayeliona hudhani ni kazi ya asubuhi moja, herufi nne tu. Bi Kadi alikaa nalo miaka miwili. Mwenye kisu hukata, mwanasheria hukata rufaa, msafiri hukata tiketi, mgonjwa hukata roho, na mchovu hukata tamaa. Kuna kata ya kuchotea maji, kata ya nguo anayoiweka mtu kichwani ili mzigo usimuumize, na kata yenye mipaka na ofisi yake ya serikali. Alipanda ngazi za ukumbi wa karate akaambiwa kata ni mfululizo wa mapigo yanayopigwa bila adui. Kamusi yao ilikuwa na safu ya pembeni kwa lugha nyingine, akaijaza hiyo pia: katika lugha moja ni kifupi cha jina la msichana, na katika nyingine, ya visiwa vya mbali, "kata" maana yake ni neno lenyewe. Alicheka alipoligundua hilo. Lilikuwa jambo la mwisho kumchekesha mwaka ule.

Mama yake alikuwa kitandani, akigeuzwa kila baada ya saa chache. Bi Kadi alifika kazini macho yamemwiva, akarudi nyumbani miguu imevimba. Mkuu wa ofisi wa wakati huo, mtu wa kifua mbele na maneno ya kukata na shoka, alikuwa amewaambia wageni kwamba neno hili fupi lina maana ishirini. Bi Kadi alihesabu kadi zake mara tatu. Zilikuwa kumi na tisa, na mpiga chapa alikuwa akisubiri.

Mchana ule alichukua kadi tupu akaandika: "Kata: upana wa kitambaa ambao fundi huuacha ndani ya mshono ili nguo iweze kupanuliwa baadaye." Hakuwahi kulisikia hilo popote. Alilitunga palepale, kalamu ikiwa nzito mkononi. Nyuma ya kadi aliandika, "Fundi cherehani, nyuma ya soko," akatia sahihi kwa mkono wa kushoto. Kisha alikwenda nyumbani kumgeuza mama yake.

Bwana Shahidi alizunguka wiki nzima. Mkutano wa kamati ya kupitisha kadi ulipofika alisimama mbele ya watu kumi na wawili.

"Nimewauliza mafundi arobaini na wawili," alisema. "Hakuna anayelijua neno hili kwa maana hii, na huyo fundi wa nyuma ya soko hajulikani."

Macho yote yakamgeukia Bi Kadi. "Fundi huyo amefariki," alisema.

"Poleni. Alizikwa wapi?"

"Bwana Shahidi," mkuu aliingilia, "siku hizi unakagua mpaka makaburi?"

Watu wakaangua kicheko, na kicheko kile ndicho kilichomaliza kesi. Mkuu alitaka ishirini zake, akaipitisha kadi mwenyewe, na asiyezitaka alionekana mtu wa fitina, anayemwonea wivu mwenzake. Mwezi haukuisha Bwana Shahidi akahamishiwa ghala la makaratasi, chumba cha nyuma chenye dirisha moja linalotazamana na ukuta. Alibeba kikombe chake na mwavuli wake. Alipopita karibu na meza ya Bi Kadi alisimama kidogo, kama mtu anayengoja kuitwa. Bi Kadi aliinama akatafuta kitu mkobani ambacho hakikuwamo.

Miaka kumi na moja ilipita. Mama yake alifariki, mkuu alistaafu, na Bi Kadi akakalia kiti kile kikubwa. Watu walimwita Mkuu na kumfungulia milango. Lakini aliyejichoma mwiba haambiwi pole, na yeye hakuwa na wa kumwambia. Alijifunza kufika ofisini kwa ngazi za mbele tu, maana za nyuma zilipita mlangoni pa ghala. Alichoka kwa uchovu ambao usingizi haukuutibu.

Sasa ulibaki mwezi mmoja astaafu, na toleo jipya la kamusi lilikuwa likiandaliwa. Kurasa za herufi K zilipofika mezani kwake alipiga moyo konde. Hakutaka kuondoka akiuacha uongo wake nyuma ukiwa na muhuri wa ofisi. Alichukua kalamu nyekundu akaifuta maana ya ishirini.

Mtunza kadi, mwanamke wa makamo waliyemwita Mama Mapacha, alirudi na ukurasa ule baada ya dakika kumi.

"Samahani, Mkuu. Hii haifutiki."

"Kwa nini?"

"Ina mashahidi thelathini na mmoja." Akaiweka kadi mezani. "Mafundi, wauza vitambaa, na mwalimu mmoja wa chuo cha ushonaji. Wote nimewafuata mwenyewe."

Bi Kadi hakuamini. Alichukua mkoba wake akashuka mitaani, jambo ambalo hakulifanya tangu apewe kiti. Katika kibanda cha kwanza alimkuta fundi mwanamke, futi ya kupimia imemning'inia shingoni, akimwelekeza mwenzake aliyekuwa na mkasi.

"Hapo acha kata ya vidole viwili. Mteja mwenyewe ananenepa kila mwezi, atarudi tu."

Bi Kadi alishika nguzo ya kibanda. "Fundi, hilo neno umelitoa wapi?"

"Lipi, mama? Kata? Si chuoni. Mwalimu alitusomea kwenye kamusi, na kwenye mtihani likaja. Nililipata."

"Na kama nikikwambia si la kweli?"

Fundi alimtazama kwa upole, kama anavyotazamwa mtu aliyetembea sana juani. "Si la kweli vipi, mama, na mimi kutwa nalo mdomoni?"

"Kabla ya hapo mafundi walikuwa wanapaitaje?"

"Hawakupaita. Bibi yangu alikuwa fundi, alikuwa anaonyesha kwa kidole tu. Aliyetuletea neno hili Mungu amjalie."

Dua ile ilimchoma kuliko tusi. Alirudi polepole, na kwa mara ya kwanza baada ya miaka kumi na moja alipita ngazi za nyuma.

Bwana Shahidi alikuwa amekaa juu ya kreti, mikono imepakatwa, redio ndogo ikisema kwa sauti ya chini. Ndevu zake zilikuwa nyeupe zote.

"Kaka," alisema Bi Kadi.

"Karibu, Mkuu. Kiti kipo hapo, kina vumbi kidogo."

Hakukaa. "Yule fundi wa nyuma ya soko hakuwepo. Nilimtunga."

"Najua."

"Umejua tangu lini?"

"Tangu siku ileile. Ile sahihi ilikuwa na mkia kama wa herufi zako. Mkono wa kushoto hauwezi kuficha kila kitu."

"Sasa mbona hukusema?"

"Nilisema. Mbele ya watu kumi na wawili. Ulikuwepo."

Bi Kadi alilia, akiwa amesimama katikati ya mafaili kama mtoto aliyefukuzwa darasani. Aliona haya, na haya ile haikuwa na pa kujificha. Alipoweza kusema tena alimweleza nia yake: ataungama mbele ya kamati, ataifuta maana ile, naye Bwana Shahidi atarudi kwenye meza yake.

Bwana Shahidi alizima redio. "Ina mashahidi wangapi sasa?"

"Thelathini na mmoja."

"Wa kweli?"

"Wa kweli. Mmoja nimetoka kuongea naye."

Alitikisa kichwa taratibu. "Basi haitoki. Mara ya kwanza ulisema watu wanasema, na hawakuwa wanasema. Ukiifuta leo utakuwa unasema hawasemi, na wao wanasema. Huo utakuwa uongo wa pili."

"Nifanye nini, kaka?"

"Hilo la kuungama, ungama. Mimi bado nina jina la kusafishwa."

Aliungama siku ya pili. Wanakamati wengine walitazama kucha zao, wengine walimtazama yeye kwa mshangao usio na huruma. Hakuomba apunguziwe. Kamati iliamua kwamba maana ile ibaki, kwa mujibu wa sheria. Bi Kadi astaafu bila sherehe ya kuagwa, na Bwana Shahidi asafishwe jina kwa barua yenye muhuri na arudishiwe kazi ya ukaguzi. Bi Kadi alipokea yote, akahisi mzigo unampungua mabegani. Alidhani ameyazoa maji.

Jumatatu Bwana Shahidi alipanda kutoka ghalani, kiganja kimoja kikifuata ukuta. Mama Mapacha alikuwa amemfutia meza na kumwekea kalamu mpya. Bi Kadi alimletea kadi ya kwanza ya kukagua, nayo ilikuwa ileile ya maana ya ishirini, kwa kuwa haingeweza kwenda kwa mpiga chapa bila sahihi ya mkaguzi. Alivaa miwani. Aliisogeza kadi karibu na pua, akaipeleka mbali, akaigeuza upande wa pili. Kisha akamrudishia.

"Nisomee."

"Tangu lini, kaka?" aliuliza Bi Kadi.

"Yalianza mwaka wangu wa saba ghalani. Niliambiwa ni presha ya macho. Hospitali ya macho walitaka barua ya ofisi ndipo wanitibu. Nilikuandikia mara tatu."

Bi Kadi alizikumbuka. Bahasha tatu za kahawia zilizotoka ghalani, mwaka wake wa pili, wa tatu na wa nne katika kiti kile. Alizitia zote droo ya chini bila kuzifungua, kwa hofu ya swali moja alilodhani limo ndani. Halikuwamo. Ndani mlikuwa na mtu anayeomba barua ya hospitali.

"Na sasa daktari anasemaje?"

"Alisema ningewahi, yangeokolewa. Yaliyokwenda yamekwenda." Aliinyosha kalamu mezani kwa vidole. "Nisomee, dada. Watu wanangoja."

Kuitwa dada kulimvunja kabisa. Alisoma. Alisoma uongo wake neno kwa neno, tangu kitambaa mpaka mshono, kisha akageuza kadi akawasoma mashahidi thelathini na mmoja, kazi zao na mitaa yao. Sauti ilimkatika mara mbili, na mara zote mbili Bwana Shahidi alisubiri bila kumhimiza.

"Wanatosha," alisema mwishowe. "Nionyeshe mahali pa kutia sahihi."

Bi Kadi aliushika mkono wake, akakiweka kidole chake cha shahada mwanzoni mwa mstari. Bwana Shahidi akatia sahihi iliyopinda na kuvuka ukingo wa kadi, na Mama Mapacha akaipeleka kwa mpiga chapa. Barua ya kumsafisha jina ilibaki mezani, na muhuri wake, ikingoja mtu wa kumsomea aliyeandikiwa.

Maji yakimwagika hayazoleki.