Tanuri la Mkude

Tofali bichi halibebi wenzake. Mmeisikia methali hii, wajukuu zangu, mkauliza imetoka wapi. Basi tulieni, chanzo chake ni hiki.

Kando ya mto aliishi Mkude, mfyatuaji wa matofali, pamoja na mkewe Mwanahawa na binti yao Zamoyoni. Shule ilipofunguliwa baada ya likizo, Zamoyoni hakwenda.

“Ngoja kwanza tuchome tanuri hili,” baba yake alimwambia.

Kila alfajiri mtoto alijitwika matofali, huku akiwasikia wenzake wakipita wakiimba hesabu za kuzidisha. Naye aliimba moyoni ili zisimtoke. Siku wenzake walipoanza za nane, ambazo yeye hakuzijua, aliliweka tofali chini akalia.

Mara likatanda wingu. Mkude, kwa kuhofia mvua, akaamuru matofali yapangwe upesi, hata yale yaliyoanikwa juzi.

“Baba, haya ndani bado mabichi.”

“Panga, mwanangu! Nje si yamekauka?”

Yakapangwa chini, makavu yakapandishwa juu yake. Kabla hata moto haujawashwa, tanuri likainama kama mlevi atokaye ngomani, likaporomoka puu! Hakuumia mtu, ila kuku walikimbilia hata kwa jirani. Mvua nayo ikapita mbali.

“Nani kaweka mabichi chini?” Mkude akang’aka.

“Ni wewe, baba.”

Mwanahawa akacheka hadi akakaa kitako. “Mume wangu, fundi mzima! Tofali halijakauka, ukalibebesha wenzake. Na huyu mtoto unayembebesha nyumba yetu nzima, yeye alikauka lini?”

Mkude akamtazama binti yake: shingo imezama mabegani, matope hadi kwenye nyusi. Alijaribu kukasirika, kicheko kikamshinda.

“Mama Zamoyoni, hapo umenipata. Kesho aende shule.”

Kesho yake Mkude alijitwika matofali mwenyewe. Kazi ilichelewa, na kwa muda mrefu ugali wao uliliwa kwa mchicha mtupu, lakini waliula wakitaniana. Majirani nao hawakumwacha.

“Mkude, mzigo umekupendeza! Kibarua wako kakutoroka?”

“Yuko shuleni, anakauka,” alijibu, jasho likimtiririka. “Hamjui? Tofali bichi halibebi wenzake.”