Hori Tupu la Nolpirian

Hapo zamani, na msiniulize zamani gani maana kamera zilikuwapo, mwanamke aitwaye Sidi alifika Samburu kutengeneza filamu kuhusu watu na wanyama wa porini. Kiangazi kilikuwa kimekaza. Alipokewa na Nolpirian, mwenye kisima kilichochimbwa ndani ya mto mkavu. Visima vingine vyote vilikuwa vimekauka.

Kila jioni Nolpirian alikifunga kisima kwa miiba, kisha akajaza maji ya ndovu kwenye hori la nje. Mama yake alifanya hivyo, na bibi yake pia. Ndovu walikunywa pale, kisima hawakukigusa.

Sidi alilipiga picha lile hori mpaka akalichoka. Akataka ndovu wasogee hadi kisimani.

"Mama, leo usijaze," alimwomba. "Leo tu."

Nolpirian alisita, lakini alishampenda kama binti yake. Akaliacha tupu. Wewe unayecheka huko nyuma, ngoja kwanza.

Ndovu walikuja jioni ile, mwanga ukiwa bado upo. Wakakuta hori kavu. Wakaitupa miiba kando, wakasukumana ukingoni, na mtoto wao akatumbukia kisimani. Mama yake alipiga kelele mpaka mbuzi wakatawanyika.

Lemaiyan, shemeji yake Nolpirian, alishika jembe bila kumuuliza mtu. Akaanza kuubomoa ukuta wa kisima ili mtoto apate pa kupandia. Nolpirian alimsihi aache, kwani mchanga ulikuwa unayafukia maji. Hakuacha. Ndipo mama ndovu alipomgeukia, masikio wazi, akaja mbio.

Na Sidi? Alikuwa bado anapiga picha, jamani. Bado! Halafu akaitupa kamera, akarukia gari lake, akaliingiza kati ya ndovu na Lemaiyan. Ndovu alilibonda gari hadi injini ikanyamaza. Mtoto akapanda, wakaenda zao.

Kisima kikawa shimo la mchanga. Gari ambalo lingefuata maji mbali lilikuwa limekufa. Na mchanga uliolegea mnaujua: anayeshuka kwanza kuchimba anaweza kufukiwa humo humo. Watu waliogopa, na mimi singewalaumu.

Nolpirian akasema, "Sijawahi kuliacha hori tupu mpaka nilipoombwa. Aliyeniomba ashuke."

Sidi akasema, "Niliomba, mama, sikukulazimisha. Na bila gari langu mngekuwa mnamzika shemeji yako. Aliyebomoa ashuke."

Lemaiyan akasema, "Mimi nimeshaponea chupuchupu leo. Yule mtoto angefia mle, tungekunywa nini? Kisima kina mwenyewe. Mwenyewe ashuke."

"Angekufa tungemvuta kwa kamba," Nolpirian akamjibu, "na maji yangu ningekuwa nayo." Akaanza kulia.

Jembe lilibaki chini. Kila mmoja alilitazama, kisha akatazama kwingine. Nyuma yao mbuzi walikuwa wamerudi, wanalamba hori kavu.

Sasa msinitazame mimi, mimi nimeshasema yangu. Je, nani alistahili kushuka?