Saa Moja Aliyoiacha Mbonea

Hapo zamani, na wala si zamani sana, katika mji mmoja wa milimani ambako watu hulima tangawizi, aliishi fundi saa jina lake Mbonea. Sogeeni hapa mnisikie.

Mbonea alipokuwa kijana alikwenda kusoma mbali. Aliondoka amenuna, hakumuaga mama yake. Aliporudi alikuta kaburi. Tangu hapo akawa na neno moja tu: "Nitaunda mashine ya kunirudisha asubuhi ile, nimuage mama."

Mji mzima ulicheka. Watu watatu hawakucheka.

Mkewe, Nakijwa, hakucheka. Alilima peke yake ili mumewe asitoke karakana. Siku mtoto wao wa pekee alipozidiwa na homa, Nakijwa alikuwa shambani. Jirani aligonga mlango wa karakana akagonga, lakini ndani nyundo ilikuwa inalia na Mbonea hakusikia. Nakijwa aliporudi na mzigo wake kichwani, mtoto alikuwa ameshakata roho mikononi mwa jirani.

Rafiki yake Kirumbe, mhunzi, hakucheka. Mashine ilihitaji springi ya chuma kisicho cha kawaida, naye Kirumbe akatoa kipande cha kimondo alichoachiwa na baba yake. Akakifua mwenyewe. Kazi ikielekea kwisha, cheche zikamrukia machoni, akapofuka.

Dada yake, Namsifu, hakucheka. Yeye ndiye aliyeacha shule akabaki kumuuguza mama, ili kaka yake asome. Siku ya mwisho alitoka nje kuchota maji. Akasikia mama anaita, anasema neno asilolishika vizuri. Akatupa ndoo, akakimbia. Alipofika, mama alikuwa amenyamaza moja kwa moja.

Miaka ikapita, mashine ikakamilika. Mbonea akaijaribu kwa kichuma kidogo cha kimondo kilichobaki. Alirudi utotoni kwa muda wa kupiga chafya tu, akatoka analia na kucheka: "Nimesikia harufu ya jiko la mama!"

Ila mashine ilikuwa na masharti. Unarudi kwenye saa uliyoiishi mwenyewe. Unaweza kukaa, kutazama, kusema na kujibiwa, lakini aliyekufa hafufuki. Na springi ile kubwa ikishafunguka, inapasuka. Kwa hiyo ni mtu mmoja, saa moja, basi.

Wakati huo Mbonea alikuwa mzee, kifua kimembana. Mkewe, rafiki yake na dada yake wakamshika mkono wakamkalisha kwenye kiti cha mashine. Akautazama ufunguo wa kufungulia springi. Akawatazama wao. Akashuka.

"Mbona unashuka, baba?" Nakijwa akauliza.

"Asubuhi ile niliiharibu mwenyewe," akasema Mbonea. "Ninyi mmeharibikiwa kwa ajili yangu. Saa hii ni yenu. Ila kuchagua kati yenu, mke wangu, siwezi."

Akamwekea mkewe ufunguo kiganjani. Wiki ile ile akafariki.

Matanga yalipokwisha, watatu hao wakakutana karakana. Mvua zilikuwa zimeanza na bati lilivuja. Kirumbe akapapasa springi kwa vidole.

"Kutu imeingia," akasema. "Kama ni kutumia, shemeji, ni leo. Na mimi naiomba. Sidai macho yangu. Nilimwona mke wangu kwa mara ya mwisho kabla ya zile cheche, na sasa sura yake imeanza kunifutika. Nalala naye nyumba moja simjui alivyo. Bila chuma changu na macho yangu, mashine hii ingekuwa kiti tu."

Namsifu akasema, "Wifi, kaka aliiunda kwa ajili ya mama. Nikienda mimi, safari hii sitatoka kuchota maji. Nitakaa nisikie neno lile. Huenda alikuwa ananiita mimi. Huenda alikuwa anamsamehe kaka. Nimezeeka nikijiuliza. Bila mimi kuacha shule, kaka angesomea wapi?"

Nakijwa aliufumbata ufunguo kiganjani. Kisha akasema, "Mwanangu alikufa akinitafuta kwa macho. Jirani aliniambia. Nataka asubuhi ile kabla sijaenda shamba, nimbebe tu, nisimshushe mpaka saa iishe. Mashine hii ilikula jasho langu, ikala na mtoto wangu."

Kirumbe alifuta machozi kwa mkono wa shati. Namsifu akamshika wifi yake bega.

"Ufunguo ninao mimi," Nakijwa akasema, "na mwombaji ni mimi. Nitaamuaje?"

Maji yakazidi kudondoka juu ya chuma.

Basi ninyi mnaonisikiliza, msiniangalie mimi. Mmoja alitoa macho, mmoja alitoa ujana wake, mmoja alitoa mtoto. Springi ni moja, na kutu haisubiri. Je, saa ile alistahili nani?