Jemadari Indriki na Mvuke wa Tatu

Paukwa!

Pakawa!

Mbona mnaitikia kama watu waliokula jana? Tena. Paukwa!

Pakawa!

Haya, kaeni vizuri, na wewe wa nyuma acha kumfinya mwenzako. Ngano yangu inatoka mbali, kaskazini huko, kwa Walatvia, ambako baridi ikiingia maji ya bwawa hugeuka sakafu, ng'ombe akapita juu. Mimi sijafika. Aliyenihadithia naye hakufika. Lakini hana tabia ya kudanganya, namjua.

Kale hiyo, bibi yangu hajaota meno, palikuwa na kijiji, na kijijini palikuwa na mzee aitwaye Indriki. Mfalme wa kigeni alikuwa ameikalia nchi yao. Askari wake wanalala vitandani mwao, wanakula mkate wao. Wanakijiji wakachoka. Wakasema sasa basi, nchi ni yetu. Wakamfanya Mzee Indriki jemadari, kwa sababu ndiye pekee aliyekuwa na buti mbili zinazofanana.

Jeshi lake lilikuwa wakulima thelathini na saba. Bunduki tisa. Waliobaki walishika uma za kutupia nyasi. Nikiwauliza walikuwa wangapi, mtanijibu, lakini kwa kunong'ona, maana adui yuko karibu. Walikuwa wangapi?

Thelathini na saba.

Vizuri.

Asubuhi moja, puu-puu, puu-puu, askari wa mfalme hao, mia sita, wakasimama ng'ambo ya bwawa lililoganda. Mkubwa wao alikuwa Kanali Gerlaki, mtu wa tumbo na medali. Alitaka kukichoma kijiji, ila hakujua nyuma ya miti iliyokizunguka wamejificha watu wangapi. Lakini alikuwa amesikia jambo moja. Kila nyumba pale ilikuwa na hamamu, kibanda cha magogo chenye mawe ya moto. Unayamwagia mawe maji, unaoga kwa mvuke. Na ndani ya hamamu watu wa pale hawasemi uongo. Ni mwiko.

Kanali akacheka peke yake. Akamwambia msaidizi wake, "Naenda kuoga na yule mzee. Nitamuuliza idadi. Wakiwa wachache, tunakichoma kijiji kabla ya chakula cha mchana. Wakiwa wengi, tunarudi tulikotoka. Ningojeni hapa."

Akavuka bwawa, akabisha hodi. "Mzee, nimekuja tuzungumze. Tukazungumzie hamamuni."

Indriki akakubali. Mgeni akiomba hamamu hanyimwi. Huo nao ni mwiko.

Bi Darta, mkewe, akamvuta kando. "Mume wangu, akikuuliza mko wangapi, mwambie elfu moja."

"Siwezi."

"Mia tano, basi."

"Darta, mama yangu alinizaa mle ndani. Wanangu wote watatu uliwazaa mle. Nikifa mtaniosha mle. Sidanganyi mle."

"Basi tutachomwa na ukweli wako."

"Huenda," akasema mzee, akikitazama kijiji chake, maana alikipenda sana. "We chochea moto tu. Ongeza kuni. Kisha ongeza tena."

Wakaingia. Kanali akavua koti, akavua medali, akavua suruali. Bila medali alifanana na kuku aliyenyonyolewa. Wakaketi kwenye benchi.

"Haya, mzee. Una askari wangapi?"

"Mgeni huoga kwanza. Nitakujibu mvuke wa tatu ukiisha. Ndiyo desturi yetu."

Akayamwagia mawe maji. Chaaaaa! Akachukua kichala cha matawi yenye majani, akamchapa mgongoni, pwa, pwa, pwa. Ndivyo wanavyooga, msidhani alikuwa analipiza kisasi. Labda kidogo.

Mvuke wa pili. Chaaaaa! Pwa, pwa, pwa. Kanali akaiva masikio. "Wangapi?"

"Bado mmoja, bwana."

"Siwezi kuungojea nje?"

"Unaweza. Ila nikiwa nje naruhusiwa kudanganya."

Kanali akang'ang'ania benchi. Nje, Bi Darta analia na kutia kuni, analia na kutia kuni. Indriki akainua ndoo nzima. "Huu ndio wa tatu."

CHAAAAAAA!

Kanali hakuungoja uishe. Akaupiga mlango teke, akatoka mbio uchi, mwili wote unafuka, mdomo wazi na sauti haitoki. Akaingia kwenye barafu ya bwawa. Teleza, inuka, teleza, inuka.

Askari mia sita wakamwona. Msaidizi wake akafikiri, tena alifikiri kwa makini. "Kanali ameambiwa idadi," akasema. "Idadi iliyomfanya aache suruali si idadi ndogo." Akageuka. Wote wakageuka. Puu-puu-puu-puu, jeshi linakimbia, na kanali nyuma anajaribu kulifikia.

Na mzee? Mzee alikuwa ameahidi. Mvuke wa tatu umekwisha, jibu halijatolewa. Akatoka uchi vilevile, matawi mkononi, akawafuata juu ya barafu akipaza sauti, anasema kweli tupu. Alisema wangapi? Sasa semeni kwa nguvu.

Thelathini na saba!

Hakuna aliyesimama kusikiliza. Tena!

Thelathini na saba!

Akafika katikati ya bwawa, sauti ikamkauka. Bi Darta akaja na koti la kanali, medali na vyote, akamfunika nalo.

"Umemwambia?"

"Nimemwambia. Mara kumi na mbili."

Wakaketi palepale kwenye barafu, wakacheka mpaka wakalia. Nyuma yao moshi ulikuwa unatoka kijijini, moshi wa watu wanaopika.

Mnataka funzo? Anayekuuliza ukweli ili akuumize, huna haja ya kumdanganya. Mkaribishe akae mpaka ukweli uive, uone kama ataungoja.

Hadithi yangu imefika mlangoni. Anayetoka atoke, lakini avae suruali kwanza.