Rangi ya Moshi wa Torleiv

Hapo zamani zisizo za kale sana, maana kamera zilikuwepo na fomu zilikuwepo zaidi, aliishi Norwei mpiga filamu aitwaye Ragnhild. Aliapa kwamba ufundi wa mashambani hautazikwa yeye akiwa hai.

Bondeni kwao alibaki mzee mmoja tu, Torleiv, aliyejua kuchoma visiki vya misonobari katika tanuri la udongo hadi vitoe lami. Si hii ya barabara, ile ya kupaka makanisa ya mbao yasioze. Ragnhild akaomba msaada ofisi ya urithi. Ikajibu: "Ufundi huu bado haujafa kiasi cha kuhifadhiwa." Akaomba tena. Ikajibu vilevile, ila kwa karatasi nzuri zaidi. Basi akauza gari, akapiga filamu misimu tisa ya kiangazi, akienda kwa miguu.

Torleiv akafa. Wosia wake ukasema: "Uwanja wa tanuri nampa atakayeiokoa lami yangu."

Eivind, seremala, akaitazama filamu mara arobaini. Akachimba, akapanga visiki, akawasha. Akapata majivu. Akawasha tena. Majivu.

"Dada Ragnhild," akasema, uso mweusi kama sufuria, "hapa mzee anasema, 'Moshi ukifika rangi hii, ziba tanuri.' Rangi gani?"

Filamu yote ilikuwa nyeusi na nyeupe. Ragnhild aliona inapendeza hivyo.

"Washa tena," akasema. "Safari hii visiki nabeba mimi."

Siku ya tatu ya moto, jirani wa uwanja ule, Bibi Gunvor, akachungulia na kapu la nguo mbichi.

"Nyie vipofu? Buluu hiyo! Zibeni! Miaka yote nangoja buluu ndipo nianike mashuka, maana Torleiv akishaziba, moshi unakatika."

Wakaziba. Lami ikatiririka, nzito kama asali.

Akaja afisa wa urithi na fomu ya kutimiza wosia wa Torleiv. Mwokozi wa lami: nafasi ya jina moja.

"Na wakiwa watatu?" Ragnhild akauliza.

"Basi hayupo, na uwanja unakuwa maegesho ya magari. Fomu yake ninayo pia."

Eivind akasema, "Filamu haipaki kanisa. Iliyoungua ni mikono hii. Nipeni, nichome kila mwaka."

Gunvor akasema, "Bila jicho langu mngezoa majivu hadi kiyama. Nipeni mimi, nipande viazi."

"Viazi, Bibi!"

"Viazi havitoi moshi, mwanangu."

Ragnhild akasema, "Rangi niliikosa, nakiri. Lakini bila miaka yangu tisa, Eivind ungekuwa unachonga meza, na Bibi ungeijua rangi ya moshi usiokuwepo. Nipeni nijenge shule, na nipige filamu upya, kwa rangi. Siondoki hapa."

Afisa akafungua kalamu, akatazama saa yake.

Haya, ninyi mnaosikiliza: mngemwambia aandike jina la nani?